Magharibi ya Kijito

Jumatatu, 14 Julai

Hili sijamwambia mtu, hata padri kwenye kitubio. Wakati wa rozari ya nyumbani midomo yangu inasema Salamu Maria, lakini kichwani natembea na mto. Naanzia Burundi na Ruvubu. Halafu naenda Rwanda kuufuata Nyabarongo, ambao tayari umeshaumeza Akanyaru. Naikutanisha juu kidogo ya maporomoko ya Rusumo, na kuanzia hapo ni Kagera. Unapanda kaskazini kati ya Rwanda na sisi, ndani ya mafunjo na maziwa madogo. Pale Kagitumba unaupokea Muvumba na kukata kona kuelekea mashariki, unapita Murongo huku Uganda ikiwa kushoto. Mbele unaupokea Mwisa unaotoka upande wa Burigi, unapita chini ya daraja la Kyaka, unauchukua Ngono, na mwisho ni Ziwa Viktoria. Nikifika ziwani kabla ya tendo la tano najua nimekimbia mno.

Leo sikufika hata Rusumo. Baba alikuwa anasali kwa hasira. Ng'ombe wamerudi tena bila kunywa. Njia ya kuwashusha mtoni imelimwa, na maharage yaliyopandwa humo sasa yana maua.

Mama aliongeza sala ya kuombea amani na majirani. Kaka Evarist hakuitikia Amina.

Jumanne, 15 Julai

Niandike jinsi ilivyokuwa, maana kila mtu anaisimulia akiwa amekasirika na mimi nataka kuielewa.

Mwezi wa tano alikuja kijijini kijana mmoja wa ramani. Ni wa mradi wa kupanga matumizi ya ardhi: hapa walime, hapa wachunge, hapa msitu. Aliwaita wazee uwanjani, mbele ya ofisi ya kijiji. Wakachora kijiji chini, kwenye vumbi, kwa fimbo. Majivu yakawa mto Kagera, mawe yakawa nyumba, majani ya mgomba yakawa mashamba. Baba mwenyewe ndiye aliyeweka jiwe jeusi pale tunaponywesha. Yule kijana akanakili kila kitu kwenye karatasi, akashukuru, akaondoka na pikipiki.

Baada ya wiki chache rasimu ikaletwa na kubandikwa ukutani. Chini ya mchoro kuna maneno yaliyochapwa: malisho na njia ya mifugo, magharibi ya kijito Kanyinya. Kilimo, mashariki ya kijito Kanyinya.

Magharibi ya Kanyinya kuna nini? Mafunjo. Halafu mto wenyewe. Halafu Rwanda.

Wakulima wakasoma, wakaona eneo lote la bondeni ni mashariki. Wakapanda. Siwezi kusema wameiba. Karatasi iko ukutani.

Shida ni kwamba upande wetu Kagera haufikiki. Mafunjo yameziba ukingo wote, ng'ombe akiingia anazama hadi tumbo. Pana mahali pamoja tu penye ardhi ngumu, pale Kanyinya inapoingia mtoni, na ili kufika unashuka na ukingo wa kijito. Kwa njia ile ile iliyolimwa.

Pingamizi zitasikilizwa kwenye mkutano mkuu wa kijiji, Jumamosi ya tarehe mbili Agosti. Baada ya hapo rasimu inapelekwa wilayani, Rubwera, kupigwa mhuri. Ikishapigwa, basi.

Alhamisi, 17 Julai

Mwalimu wetu wa jiografia ametutaka tuchore ramani ya kijiji. Jioni nilipita ofisini nikainakili ile rasimu kwa penseli. Mtendaji aliniuliza kama nimetumwa na baba. Nilisema hapana, lakini kwa sauti ndogo kiasi kwamba akauliza tena, nikatikisa kichwa tu.

Nilipofika nyumbani niliitazama ile nakala kwa muda mrefu. Mto uko juu, unakwenda kulia. Kanyinya inatoka chini katikati na kupanda hadi mtoni. Kushoto kwake ng'ombe, kulia mashamba. Kila kitu kiko mahali pake. Lakini kuna kitu kinanikera kama jiwe ndani ya kiatu, na sikioni.

Evarist amepita nyuma yangu. "Mwalimu wa mito, je, ng'ombe wamekunywa huko kwenye karatasi?"

Leo aliwapeleka hadi lambo la kijiji cha pili. Alitoka asubuhi, amerudi na vumbi mpaka kwenye kope. Ana haki ya kunitania. Lakini inauma.

Jumapili, 20 Julai

Nimeliona.

Baada ya misa nilikaa nyuma ya zizi na daftari langu. Jua lilikuwa linashuka. Linazama pale pale siku zote, juu ya mafunjo, ng'ambo ya mto. Nikaishika ramani. Kwenye ramani mshale wa kaskazini unaelekea juu. Kwa hiyo magharibi ni kushoto. Kwa hiyo jua la kwenye ramani linazama nyuma ya shule ya msingi, iliyo kushoto kabisa ya mchoro.

Mshale ni mbaya. Mchoro ni mzuri, mshale ndio mbaya.

Hapa kwetu mtu hakuelekezi njia kabla hajaugeukia mto. Hata ukimuuliza jikoni, ataweka mwiko chini na kugeuka. Wazee walipochora walisimama hivyo, mgongo kwa mlima na uso kwa Kagera. Juu ya mchoro wao ni magharibi. Kushoto ni kusini. Yule kijana alikaa na karatasi yake, akaona mto uko juu, akaweka kaskazini hapo juu kama walivyomfundisha.

Na kilichomdanganya ni mto wenyewe. Angekuwa anachora kijiji cha karibu na Murongo, angekuwa sahihi kabisa. Kule Kagera umeshakata kona, unaenda mashariki, na mtu akitazama kaskazini anauona mbele yake ukitoka kushoto kwenda kulia. Sisi tuko kusini ya kona. Mto wetu bado unapanda kaskazini. Ukiutazama ukiwa Tanzania unatoka kushoto kwenda kulia vile vile. Picha ni moja, mahali ni pawili.

Kwa hiyo si magharibi na mashariki ya kijito. Ni kusini na kaskazini ya kijito. Malisho na njia ya ng'ombe ni ukingo wa kusini, kama zamani. Mashamba ni ukingo wa kaskazini.

Nilicheka peke yangu, ndama wakanitazama.

Halafu nikakumbuka ni nani aliyelima ukingo wa kusini. Ni mzee Sebastiani, baba yake Jovina. Jovina ninakaa naye dawati moja tangu kidato cha kwanza. Sina rafiki mwingine.

Jumatatu, 21 Julai

Nilimfuata Mwalimu baada ya kipindi. Nilikuwa nimepanga sentensi nne. Nilisema moja na nusu.

Alichukua nakala yangu akaitazama, akasema nimechora vizuri, mto umekaa sawasawa. Nikasema mshale, Mwalimu. Akasema mshale uko sawa, Kagera unaenda mashariki, yeye amezaliwa Murongo na ameuona tangu anatambaa. Alicheka kwa upole. Kengele ikagonga. Akaniambia kama nina hoja ninyooshe mkono darasani kesho, wenzangu wafaidike.

Anajua kwamba sinyooshi mkono.

Nina hasira naye kidogo. Nina hasira zaidi na mdomo wangu. Kichwani maneno yamejipanga kama wanafunzi mstarini. Yakifika kooni yanatawanyika.

Jumatano, 23 Julai

Siku mbaya.

Evarist alichoka na lambo la mbali. Aliwashusha ng'ombe kwa njia ya zamani. Waliingia kwenye maharage. Vijana wa bondeni wakaja na majembe. Bihogo amekatwa mguu wa nyuma. Ndiye ng'ombe anayetulisha karibu sote, na sasa anachechemea na nzi wamejaa kwenye kidonda. Evarist ana uvimbe juu ya jicho na hataki kusema nani.

Mzee Sebastiani alikuja mwenyewe jioni. Alisimama nje ya ua, hakuingia. Alimwambia baba kwamba si yeye aliyemkata ng'ombe na hakumtuma mtu. Baba alimwambia karibu ndani. Hakukaribia. Akasema, "Kanumba, mimi sikukunyang'anya kitu. Nimesomewa karatasi, nikalima pale karatasi iliposema."

Baba akasema, "Na mimi karatasi yako imeninyima maji."

"Si yangu. Mliichora ninyi."

Baba aliitazama fimbo yake. Nilikuwa mlangoni na beseni la maji ya chumvi la kumwosha Bihogo. Jibu nilikuwa nalo mimi. Nilisimama na beseni langu mpaka mzee akaondoka.

Alhamisi, 24 Julai

Jovina hakuja shule. Dawati kubwa mno.

Jumamosi, 26 Julai

Baba ametangaza wakati wa chakula. Mkutano ukipitisha rasimu, tunahama. Ng'ombe wote watapelekwa Bweranyange kwa baba mdogo, ambako bonde la Mwisa lina maji. Sisi pia. Nyumba atabaki nayo Evarist hadi mavuno ya kahawa, kisha atafuata.

Mama akauliza, na shule ya mtoto? Baba akasema hata huko shule zipo.

Zipo. Binamu yangu Speciosa pia aliambiwa zipo, wakati walipomhamishia huko akiwa kidato cha pili. "Tutakutafutia nafasi." Mwaka ukapita. Sasa anatikisa vibuyu vya maziwa kutwa nzima, na nikienda huniomba nimsomee vitabu kwa sauti kwa sababu yeye eti amesahau kusoma haraka. Hakusahau. Hana muda.

Mwakani ningekuwa kidato cha nne.

Mwisa ni mto mzuri. Nimeuchora mara nyingi. Sitaki kuishi kando yake.

Jumapili, 27 Julai

Nimejaribu kwa baba. Nilimpelekea ramani yangu baada ya chai, akiwa ametulia.

Alichofanya kiliniumiza kichwa. Kabla ya kuitazama aliinuka, akageuka mzima mzima kuelekea mlangoni, yaani mtoni, ndipo akaishika mbele yake. Halafu akapitisha kidole. Hapa Kanyinya. Hapa jiwe langu. Hapa njia, kushoto. Akasema, "Mchoro hauna kosa. Ni wetu, sikatai."

Nikasema, "Baba, huo mshale."

"Mshale gani?"

Nikamwonyesha. Akautazama kama mtu anayetazama mdudu. Akasema hayo ni mapambo ya watu wa ofisi.

Hauoni! Kwake yeye ramani imekaa sawa kwa sababu yeye amekaa sawa. Anaigeuza kwa mwili wake bila kujua kwamba ameigeuza. Wazee wote watafanya hivyo hivyo. Watasimama mkutanoni waseme mchoro ni wetu, na yule kijana atasema basi, tatizo liko wapi, na hakuna atakayekuwa amedanganya.

Nilianza tena kumweleza. Nikagugumia. Evarist akaingia na kuniambia nimwache mzee apumzike, ramani hazinyweshi ng'ombe. Nimeipasua ile nakala. Halafu nikachora nyingine.

Jumanne, 29 Julai

Jovina amerudi. Tumekaa kama watu wawili kwenye foleni ya zahanati. Wakati wa mapumziko akavunja muhindi wake wa kuchoma na kunipa nusu, kwa hiyo bado tu marafiki.

Akaniambia maharage yao yameanza kubeba. Akasema tangu babu yake alipotoka Burundi kuja kulima vibarua huku, hawajawahi kuwa na shamba ambalo mtu hawezi kuja kesho akasema toka. Ukoo wao umelima migomba ya watu wengine. Sasa kuna karatasi. Alisema, "Baba analala mpaka anakoroma. Mama anasema afadhali angebaki maskini, tungepata usingizi."

Alicheka. Na mimi nilicheka. Nilikuwa na ramani mfukoni.

Angeniuliza ningemwambia. Hakuniuliza. Kwa nini aniulize?

Hivi ndivyo mambo yalivyo: nikinyamaza naondoka shuleni, na Bihogo atatembea na mguu ule hadi Bweranyange. Nikisema, mzee Sebastiani anang'oa maharage. Nimelipindua hili kila upande kutafuta upande ambao hauumizi mtu. Haupo. Nachukia kwamba haupo.

Lakini jua halizami nyuma ya shule ya msingi. Hilo siwezi kulipindua.

Alhamisi, 31 Julai

Nimefanya mazoezi zizini. Nimewahutubia ndama. "Ndugu mwenyekiti, wazee wangu, shikamooni." Sauti ilitoka vizuri. Ndama mmoja alinilamba kiwiko. Halafu Mama akapita na kuniuliza naongea na nani, na sauti ikaisha pale pale.

Nimechukua karatasi kubwa ya kalenda ya zamani na kuichora ramani upya nyuma yake, kwa kalamu nyeusi. Sijui ya nini.

Jumamosi, 2 Agosti

Naandika kabla sijalala.

Watu walijaa uwanjani. Wafugaji upande mmoja, wakulima upande mwingine, akina mama chini ya paa la ofisi na watoto wao. Nilikaa na Mama. Yule kijana wa ramani alikuwa mezani pamoja na mwenyekiti wa kijiji na mtendaji. Si mtu mbaya. Alionekana amechoka, viatu vina tope la vijiji vingine. Rasimu ilikuwa imelazwa mezani, imebanwa na mawe kwa sababu ya upepo.

Baba alisimama wa kwanza. Alisema maneno ya karatasi hayalingani na kijiji. Kijana akainua mchoro juu.

"Mzee, huu si mchoro wenu?"

"Ni wetu."

"Nimeongeza kitu?"

Baba akageuka kuelekea mtoni, akautazama. "Hujaongeza."

"Nimepunguza?"

"Hujapunguza."

"Sasa mzee wangu, unampinga nani?"

Watu wakacheka. Mtu mmoja wa upande wa wakulima akasema, "Anapinga fimbo yake." Wakacheka zaidi. Baba akakaa. Sijawahi kumwona akikaa hivyo, kama mtu aliyesukumwa na mkono usioonekana. Wazee wengine wawili wakasimama, wakaulizwa maswali yale yale, wakajibu vile vile. Nilijua. Nilikuwa nimejua wiki nzima.

Mwenyekiti akasema wanaoafiki wanyooshe mikono.

Nilisimama. Nilitaka kusema ndugu mwenyekiti. Hakikutoka kitu, hata hewa. Miguu ndiyo iliyokwenda. Nilifika mezani, nikaondoa mawe, nikaichukua rasimu, nikailaza chini kwenye vumbi. Halafu nikaizungusha mpaka mto wa kwenye karatasi ukaelekea kwenye mto.

Mtendaji akasema, "Wewe binti wa Kanumba, una nini?"

Nikasema, "Shikamoo."

Watu walicheka sana. Nilitamani ardhi ipasuke. Kijana wa ramani hakucheka. Alisema, "Marahaba. Unataka kusema nini?"

"Jua."

"Jua lina nini?"

"Kwenye ramani yako linazama wapi?"

Akafungua mdomo anijibu. Akatazama karatasi. Akatazama juu, ilikuwa saa tisa na kitu, jua limeshaanza kuinamia mafunjo. Akaja akachuchumaa karibu nami. Akatoa simu, akaifungua dira, akaiweka juu ya ule mshale wake. Tulitazama sote wawili. Mshale wa simu ulielekea kulia, ubavuni kwa karatasi.

Kwa sauti ambayo nadhani ni yeye peke yake aliyeisikia, nilimwambia wazee wa hapa huugeukia mto kwanza.

Akainuka. Akawaomba wazee waliochora wasimame walivyosimama siku ile. Walikwenda. Hakuna aliyewapanga. Mmoja mmoja, migongo kwa mlima, nyuso kwa Kagera. Baba akiwa katikati. Mtu mmoja akasema polepole, "Mama yangu wee."

Yule kijana alivua kofia. Alisema kosa ni lake. Alilisema wazi, mbele ya watu wote, na nilimheshimu. Akafuta magharibi akaandika kusini. Akafuta mashariki akaandika kaskazini. Mwenyekiti akauliza tena mikono. Ikawa mingi.

Hapo ndipo mzee Sebastiani aliposimama. Hakupiga kelele. Alisema, "Na maharage yangu?"

Mwenyekiti akasema atagawiwa kipande ukingo wa kaskazini. Mzee akasema kipande atashukuru, lakini maharage hayana miguu ya kuvuka kijito. Yamebeba lakini hayajakomaa. Ayaache hadi yakauke? Wafugaji wakaguna, ng'ombe hawana maji. Wakabishana. Mwishoni akapewa wiki moja. Jumamosi ijayo njia ifunguliwe.

Mzee Sebastiani alinitazama wakati anaondoka. Si kwa chuki. Nafuu ingekuwa chuki. Jovina alikuwa nyuma yake na hakunitazama kabisa.

Jumapili, 3 Agosti

Kanisani watu wamenishika mikono. Mwalimu pia alikuja. Alisema amelala akifikiria, akachora kwa kidole kwenye shuka, na ameona nilikuwa sahihi. Nikasema ahsante. Evarist ananiita Injinia sasa badala ya Mwalimu wa mito, na anamwambia kila anayepita kwamba yeye ndiye aliyenitia moyo. Sikumkatalia.

Baba amemtumia baba mdogo ujumbe kwamba hatuji. Alinipa simu nimwandikie.

Nilikuwa sahihi. Nabaki shuleni. Sina raha.

Nilimwomba baba waongezewe muda watu wa bondeni, hadi maharage yakauke. Alisema yeye binafsi angekubali, lakini Bihogo hawezi tena kwenda lambo la mbali na mguu ule, na kiangazi hakina adabu. Ni kweli. Kila mtu ana ukweli wake na wote wananikasirisha.

Jumanne, 5 Agosti

Jovina amehamia dawati la mbele.

Alhamisi, 7 Agosti

Leo nimemwandikia karatasi ndogo. Nimeichana. Kila sentensi ilianza na "mimi".

Mwalimu aliniita ubaoni niwaeleze wenzangu kona ya Kagitumba, kwa nini mto unageuka. Nilieleza, kwa kifupi. Walisikiliza. Nilikuwa natazama kisogo cha Jovina muda wote na sikumbuki nilichosema.

Jumamosi, 9 Agosti

Niliamka mapema, nikachukua kikapu cha Mama na jembe dogo. Mama aliniuliza naenda wapi. Nilimwambia. Akaingia ndani na kutoka na kibuyu cha maziwa mgando.

Bonde lilikuwa na ukungu. Walikuwa wameshaanza, mzee Sebastiani, mkewe, Jovina na mdogo wake. Nilisalimia. Mzee akaitikia marahaba bila kuinua kichwa. Nilimpa mama yake Jovina maziwa, akayaweka kivulini chini ya majani ya mgomba. Hakuna aliyeniuliza nimefuata nini. Mama yake Jovina alininyooshea kidole mstari wa kuanzia, nikainama nikaanza.

Maharage mabichi hayang'oki kirahisi. Mizizi inashika, na udongo wa bondeni ni mzito. Unavuta, unakung'uta, unachuma maganda yaliyojaa, yale membamba unayaacha kwenye shina kwa ajili ya mbuzi. Maganda mengi yalikuwa membamba. Baada ya mistari kadhaa mdogo wake Jovina alianza kuimba wimbo wa shule, mama yake akamwambia aimbe taratibu.

Jovina alikuwa mstari wa pembeni yangu. Wakati fulani tukawa sambamba. Alisema, "Unayaacha yenye punje." Nikatazama nyuma. Ni kweli, nilikuwa nimeyaacha. Nilirudi nikayachuma.

Ng'ombe walipofika mteremkoni Evarist aliwazuia. Tuliwasikia wakilia, wameshanusa maji. Mzee Sebastiani akainua mkono kumwashiria asubiri, na Evarist akasubiri, akiegemea fimbo yake. Bihogo alikuwa mbele, ameinua ule mguu.

Tulimaliza mstari wa mwisho. Mzee alizungusha macho shambani, halafu akaushusha mkono. Nilijitwika kikapu kimoja, Jovina akajitwika kingine, tukasogea pembeni ng'ombe wapite. Kisha tukapanda mlima hadi kwao. Nilimwaga maganda kwenye turubai, nikarudi bondeni kuchukua kikapu kilichobaki.